Kuku Mzima wa Ndimu: Mgeni Aje na Mwenyeji Apone

Wahenga walisema, "Mgeni njoo, mwenyeji apone." Maana yake unaijua. Mgeni akifika, kuku huchinjwa. Watoto waliokula ugali kwa mlenda wiki nzima, siku hiyo hupata nyama. Mwenyeji naye hufaidika kwa sababu ya mgeni.

Lakini, je, umewahi kuona kinyume chake? Mgeni amefika. Kuku amechinjwa. Watu wamekula na kufurahi. Usiku wa manane mtoto anaanza kutapika. Alfajiri mgeni anaharisha. Kulipokucha majirani wananong'ona, "Wamerogwa wale." Hakuna aliyeroga. Waliokosa ni kisu, kibao na mikono.

Leo tutazungumza juu ya kuoka kuku mzima kwa ndimu na majani ya kiungo. Chakula hiki ni kitamu, na vitu vyake vingi vinapatikana hapo hapo kijijini. Tutajifunza mambo matatu. Kwanza, kumchagua kuku anayefaa. Pili, kumtayarisha na kumwoka bila kuleta ugonjwa nyumbani. Tatu, kumgawa ili kila mmoja apate haki yake.

KWA NINI TULE KUKU?

Nyama ya kuku hujenga mwili. Ina protini, yaani chakula kinachojenga misuli, ngozi na damu. Mtoto anayekua anahitaji protini. Mama mjamzito anaihitaji kwa ajili yake na kwa ajili ya mtoto aliye tumboni. Mgonjwa anayepata nafuu anaihitaji pia.

Nyama ya kuku ina madini ya chuma vilevile. Madini hayo husaidia kuongeza damu. Maini ya kuku yana madini ya chuma kwa wingi, na yana vitamini A inayolinda macho.

Jambo hili si geni kwetu. Mwaka 1973 wananchi wa Tanzania walikaa katika vikundi, wakasikiliza redio na kujadili kampeni ya Mtu ni Afya. Mwaka 1975 ikafuata kampeni ya Chakula ni Uhai. Wazee wengi wanakumbuka. Somo la siku zile bado ni somo la leo. Chakula bora si lazima kitoke mjini. Kingine kinatembea uani kwetu na kulala juu ya mti.

Lakini angalia nyumba nyingi. Kuku wako kumi. Mwaka mzima wanauzwa mnadani wote, mmoja baada ya mwingine. Fedha ni muhimu. Ada, sabuni na mafuta ya taa hununuliwa kwa fedha. Hata hivyo, kama katika kila kuku watano utauza wanne na mmoja ukampikia jamaa yako, hutafilisika. Watoto wako nao watakua vizuri.

CHAGUA KUKU MZIMA WA AFYA

Kuku mzima wa afya huchangamka. Macho yake yanang'aa. Manyoya yake yamelala vizuri. Upanga wake ni mwekundu. Anakula na kuparua.

Kuku mgonjwa husinzia. Manyoya husimama. Hupumua kwa shida, huharisha, au hupinda shingo. Usimchinje huyo kwa ajili ya chakula.

Hapa ndipo penye tatizo kubwa vijijini. Ugonjwa wa mdondo, ambao wengine huuita kideri, unapoingia kijijini, kuku hufa wengi kwa siku chache. Watu husema, "Tuwachinje upesi kabla hawajafa." Wengine huokota hata waliokwisha kufa. Siku hiyo kila nyumba inanukia mchuzi.

Tunaelewa kwa nini watu hufanya hivyo. Kuku ni mali. Kumfukia kuku ardhini ni kama kufukia noti. Lakini jiulize: utajuaje kwamba huo ni mdondo? Mdondo hauwadhuru sana watu. Lakini ugonjwa mwingine wa kuku unafanana nao kwa macho, na huo unaweza kuua watu. Mwaka 1997 huko Hong Kong watu 18 waliambukizwa homa ya mafua ya ndege. Kati yao 6 walikufa. Mwaka 2017 nchi jirani ya Uganda ilitangaza kwamba ndege waliokufa kandokando ya Ziwa Victoria walikuwa na mafua ya ndege. Ndege wa porini hawana mpaka wala pasi ya kusafiria.

Basi kumbuka hatari iko wapi. Iko wakati wa kumshika kuku mgonjwa, kumchinja na kumnyonyoa. Damu, kinyesi na manyoya hubeba vijidudu. Kuku wakifa wengi kwa ghafla, usiwaguse kwa mikono mitupu. Mwarifu Bwana au Bibi Mifugo. Waliokufa wafukiwe katika shimo refu, mbali na kisima. Watoto wasichezee mizoga.

Mdondo una kinga. Ipo chanjo ya tone moja la jicho. Kuku mzima huchanjwa kila baada ya miezi mitatu. Jiungeni nyumba kadhaa mchanje siku moja, maana chupa moja hutosha kuku wengi. Kuku aliyekwisha kuugua hasaidiwi na chanjo.

Na kama kuku wako alipewa dawa ya ugonjwa wowote, usimchinje mara moja. Muulize aliyekuuzia dawa ni siku ngapi upaswe kungoja. Dawa hukaa katika nyama kwa muda.

PORA AU MTETEA MZEE?

Kwa kuoka, kuku mchanga ndiye bora. Chagua pora, yaani jogoo mchanga ambaye bado hajaanza kuwika sawasawa. Au chagua mtetea mchanga. Akiisha kusafishwa awe na uzito wa kilo moja hivi, au kilo moja na robo.

Mtetea mzee ana nyama ngumu. Ukimwoka moja kwa moja utamtafuna mpaka taya ziume. Huyo umchemshe kwanza ndani ya sufuria yenye mfuniko mpaka alainike. Halafu umpake viungo na kumwoka kwa nusu saa tu apate rangi. Supu yake usiimwage. Ni chakula.

NDIMU HAIPIKI NYAMA

Watu wengi huamini kwamba ndimu huua vijidudu vyote. Wanaona nyama iliyolowekwa katika ndimu imebadilika rangi kuwa nyeupe, nao husema, "Hii imeiva nusu." Si kweli.

Ukali wa ndimu hubadilisha nyama ya juu tu. Hauendi mbali ndani. Katika nyama ya kuku mbichi huwamo vijidudu viitwavyo bakteria. Hawa ni wadogo mno, hawaonekani kwa macho. Mmoja wao huitwa salmonela. Mwingine huitwa kampilobakta. Hao ndio huleta kutapika, kuharisha na homa. Kuku anaweza kuwa nao tumboni huku yeye mwenyewe anaparua na kuwika kama kawaida.

Kazi ya ndimu ni kutia ladha, kuondoa shombo na kulainisha nyama kidogo kwa juu. Kazi ya kuua vijidudu ni ya moto. Usichanganye kazi hizi mbili.

VITU UNAVYOHITAJI

Kwa kuku mmoja wa watu sita tayarisha vitu hivi:

Pora mmoja aliyesafishwa.
Ndimu tatu, au malimau mawili.
Chungwa moja.
Punje sita za kitunguu saumu.
Kipande cha tangawizi kama kidole gumba.
Majani ya giligilani, konzi moja. Wengine huyaita kotmiri.
Mabua mawili ya mchaichai.
Kitunguu maji kimoja.
Chumvi, kijiko kimoja cha chai kilichosawazishwa.
Mafuta ya kupikia, vijiko viwili vya chakula.
Pilipili manga kidogo, kama ipo.

Kama huna giligilani, acha. Kama huna chungwa, ongeza ndimu moja. Usikope fedha kwa ajili ya kiungo. Lakini unaweza kupanda. Mchaichai huota pembeni mwa bafu, pale maji yanapomwagika. Mdimu mmoja nyuma ya nyumba utakupa ndimu kwa miaka mingi.

KUMTAYARISHA KUKU

1. Usiku kabla ya kuchinja usimpe kuku chakula. Mpe maji tu. Matumbo yatakuwa matupu, na hayatachafua nyama wakati wa kumpasua.

2. Chinja, kisha mwache damu itoke yote.

3. Mtumbukize katika maji ya moto kwa muda wa dakika moja, halafu mnyonyoe. Maji yawe ya moto sana lakini yasitokote. Yakitokota ngozi itachanika, na kuku wa kuoka anahitaji ngozi nzima.

4. Mpasue taratibu chini ya kidari. Toa matumbo bila kuyatoboa. Angalia nyongo iliyoshikamana na ini. Ikipasuka, nyama itakuwa chungu. Pasua firigisi, toa uchafu na ile ngozi ya njano ya ndani.

5. Msuuze kuku ndani ya beseni lenye maji safi. Usimsuuze kwa kummwagia maji kutoka juu, kwa maana maji huruka na kupeleka vijidudu kwenye vyombo, mboga na nguo. Maji hayo yamwage mbali. Beseni lioshwe kwa sabuni. Kuku aliyenunuliwa dukani akiwa amekwisha safishwa hana haja ya kuoshwa tena.

6. Manyoya na matumbo yafukie. Ukiyaacha, mbwa watayaburuta na nzi watayafuata. Nzi hao hao watakuja kutua kwenye sahani yako.

7. Nawa mikono kwa sabuni na maji yanayotiririka. Kibuyu chirizi kinafaa sana kwa kazi hii. Kama sabuni imekwisha, tumia majivu.

KISU KIMOJA, KIBAO KIMOJA

Sasa tusimame kidogo, ndugu msomaji. Hapa ndipo wengi huteleza. Tuchukue mfano wa Mama Fulani.

Mama Fulani alipata wageni. Alichinja kuku wawili wazuri, wazima wa afya. Akawakatia juu ya kibao. Akakipangusa kibao kwa kitambaa. Juu ya kibao hicho hicho, kwa kisu kile kile, akakata nyanya na vitunguu vya kachumbari. Kuku wakapikwa mpaka wakaiva kabisa. Nyama ile haikuwa na kosa lolote. Lakini jioni ile watoto watatu waliharisha. Wote watatu walikula kachumbari.

Je, umeona? Moto uliua vijidudu vya nyama. Lakini kachumbari haikupita motoni. Vijidudu vilitoka kwenye nyama mbichi vikaingia kwenye kibao. Kutoka kwenye kibao vikaingia kwenye nyanya. Kutoka kwenye nyanya vikaingia kinywani mwa mtoto.

Dawa yake ni nyepesi. Kata kachumbari kwanza, uifunike na kuiweka mbali. Halafu ndipo ushike kuku. Au uwe na vibao viwili, kimoja cha nyama na kingine cha mboga. Kama kibao ni kimoja tu, kisugue kwa sabuni na maji ya moto kabla ya kukata kitu kingine. Kitambaa kilichopangusa nyama mbichi kisipanguse sahani.

KULOWEKA KATIKA VIUNGO

Twanga kitunguu saumu na tangawizi katika kinu kidogo. Katakata majani ya giligilani. Kamua ndimu na chungwa. Changanya maji hayo na vitu ulivyotwanga, chumvi, pilipili manga na mafuta. Maganda ya chungwa usiyatupe.

Chukua kuku. Mchanje kidogo kwa kisu kwenye mapaja na kidari ili viungo viingie. Mpake mchanganyiko nje na ndani. Inua ngozi ya kidari taratibu kwa vidole, na upake chini yake pia. Ndani ya tumbo tia maganda ya chungwa na bua moja la mchaichai ulilopondaponda.

Usimlowekee kuku katika ndoo ya bati wala sufuria ya alumini. Ukali wa ndimu hula madini ya chombo na kuyaingiza katika chakula. Ndoo ya bati ina madini ya zinki, na zinki nyingi huleta kutapika. Tumia bakuli la udongo, la enameli au la plastiki ya chakula.

Mfunike, umwache kivulini nusu saa mpaka saa moja. Isizidi hapo kama huna friji. Kwenye joto vijidudu huzaana upesi. Mwenye friji anaweza kumwacha humo usiku kucha.

Mchanganyiko uliobaki katika bakuli umegusa nyama mbichi. Usiumwagie kuku aliyekwisha kuiva. Umimine juu ya kuku anapoanza kuokwa tu.

TANURI LA SUFURIA

Kuoka ni kupika kwa joto linalokizunguka chakula pande zote. Mjini wana majiko yenye tanuri. Wewe unaweza kutengeneza tanuri kwa sufuria mbili. Akina mama wanaopalia wali au kuoka mikate nyumbani wanaijua kazi hii.

Chukua sufuria kubwa nzito yenye mfuniko ulio sawa. Iliyochakaa ndiyo inafaa. Tia ndani mchanga mkavu safi wa kina cha vidole viwili, au mawe matatu madogo yanayolingana. Iweke juu ya jiko la mkaa. Ifunike, palia makaa juu ya mfuniko, uiache ipate moto kwa robo saa.

Ndani ya sufuria ndogo, au chungu, tandika vipande vya kitunguu maji na bua la pili la mchaichai. Vitamzuia kuku asigande. Mlaze kuku juu yake, kidari kikiwa chini. Ongeza maji nusu kikombe. Weka sufuria ndogo ndani ya ile kubwa. Funika. Makaa ya juu yawe mengi kuliko ya chini. Moto wa chini ukizidi, kuku ataungua mgongo na kubaki mbichi mapajani.

Baada ya nusu saa funua kwa uangalifu. Mgeuze, kidari kiwe juu. Mteke mchuzi wake kwa kijiko na kummwagia. Funika tena. Rudia kummwagia mchuzi kila baada ya dakika ishirini. Ongeza makaa yanapopungua. Pora wa kilo moja atachukua saa moja na nusu hivi. Kuku wa kienyeji mwenye nyama ngumu atachukua saa mbili.

Fanya kazi hii nje, au jikoni penye hewa ya kutosha. Usiingize jiko la mkaa katika chumba kilichofungwa, hata kama mvua inanyesha. Mkaa hutoa hewa ya sumu isiyo na rangi wala harufu. Watu hulala wasiamke. Watoto wadogo wasicheze karibu na jiko.

UTAJUAJE AMEIVA?

Usidanganywe na rangi ya ngozi. Ngozi yaweza kuwa kahawia na kunukia, kumbe ndani ni mbichi. Fanya majaribio haya matatu:

Kwanza, shika mguu na kuutikisa. Mguu wa kuku aliyeiva hulegea kwenye kiungo.

Pili, choma paja kwa kijiti safi pale penye nyama nene. Maji yanayotoka yawe meupe, yasiwe na damu.

Tatu, pasua kidogo kati ya paja na mwili. Nyama iachane na mfupa, isiwe na wekundu wala mvutano kama mpira.

Wataalamu hupima kwa kipimajoto. Nyama ya ndani kabisa ikifika nyuzi 74 za sentigredi, salmonela na wenzake hufa. Wewe usiye na kipimajoto, ukiwa na shaka mrudishe motoni. Robo saa ya kungoja ni nafuu kuliko siku tatu za kuharisha.

Akiiva, mtoe umweke kwenye sahani safi. Si ile sahani aliyokaa akiwa mbichi! Mfunike kwa dakika kumi kabla ya kumkata. Nyama itashika maji yake na haitakuwa kavu.

FIRIGISI NI YA NANI?

Sasa kuku yuko mezani. Nani atapata nini?

Katika sehemu nyingi firigisi ni ya baba. Mapaja ni ya wageni. Mama anabakiwa na shingo na mgongo. Watoto wanapata miguu na mchuzi. Ziko sehemu ambako zamani wanawake walikatazwa kabisa kula kuku. Wapo waliomwambia mama mjamzito kwamba akila mayai, mtoto atazaliwa bila nywele.

Desturi ya kumheshimu mgeni na mzee ni nzuri. Tusiiache. Lakini mwili haujui cheo. Anayehitaji nyama zaidi ni yule anayekua, anayebeba mimba na anayenyonyesha. Hakuna mtoto aliyezaliwa bila nywele kwa sababu ya yai. Wako waliozaliwa wadogo na dhaifu kwa sababu mama zao hawakula vizuri.

Baba, unaweza kufanya jambo moja siku hiyo. Chukua firigisi yako, uikate vipande viwili, mpe mama watoto kimoja mbele ya wote. Watoto wako watakumbuka. Nao wakikua watafanya vivyo hivyo.

Mtoto aliyetimiza miezi sita anaweza kula kuku. Chambua nyama laini isiyo na mfupa. Itwange au uiponde kabisa, changanya na uji au viazi, umlishe kwa kikombe na kijiko. Usimpe mtoto mdogo mfupa wa kuku auchezee. Huvunjika vipande vyenye ncha na kumkaba.

Ini la kuku likigawanywa katika vipande vidogo hutosha watoto wawili. Liwe limeiva mpaka katikati.

NDIMU YA MEZANI

Tumesema ndimu haiui vijidudu vyote. Lakini ndimu ina faida nyingine kubwa. Ina vitamini C.

Mwaka 1747 James Lind, daktari wa meli ya Uingereza, alikuwa na mabaharia waliougua fizi kutoka damu na mwili kuishiwa nguvu. Aliwachukua wagonjwa 12 akawapa dawa mbalimbali, wawili wawili. Wawili aliwapa machungwa na malimau. Hao ndio waliopata nafuu upesi kuliko wote. Ugonjwa ule ulikuwa wa kukosa vitamini C.

Vitamini C husaidia pia mwili kuchukua madini ya chuma yaliyo katika mboga na maharage. Lakini moto mwingi huiharibu. Ndimu uliyoweka katika kuku imetoa ladha, bali vitamini yake nyingi imepotea. Kwa hiyo weka akiba ya ndimu moja. Ikamulie mbichi juu ya mchicha au kisamvu mezani. Kuku, mboga za majani, ndimu mbichi na ugali ni mlo kamili.

KUKU WA MCHANA ASILALE

Kuku aliyepoa asikae nje zaidi ya saa mbili. Siku za joto kali isizidi saa moja. Kama hamna friji, pikeni anayetosha, mle akaishe. Akibaki, mpelekee jirani akiwa bado wa moto. Kesho naye atakukumbuka.

Wengine husema, "Nitampasha moto asubuhi." Kumpasha husaidia, lakini si kwa kila jambo. Vijidudu vingine vikikaa katika chakula hutoa sumu. Moto huua vijidudu, lakini sumu yao nyingine hubaki. Nyama iliyolala nje, yenye utelezi au harufu, itupe.

MTU AKIHARISHA

Kama mtu ameharisha, kitu cha kwanza ni kumrudishia maji aliyopoteza. Mpe maji ya dawa ya pakiti inayotolewa zahanati, pakiti moja kwa kipimo cha maji yaliyoandikwa juu yake. Kama pakiti haipo, chemsha maji lita moja, yaache yapoe. Tia vijiko sita vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chai cha chumvi, vyote vimesawazishwa. Mpe kidogo kidogo, mara nyingi. Mtoto anayenyonya aendelee kunyonya.

Mpeleke zahanati upesi ukiona damu katika choo, homa kali, kutapika kila anachokunywa, macho kuingia ndani, au mtoto kulegea na kusinzia. Mtoto anayeharisha hupewa pia vidonge vya zinki huko zahanati. Usingoje kesho.

Ndugu msomaji, kuku mmoja wa ndimu ni furaha kubwa nyumbani. Hahitaji utajiri. Anahitaji kuku mwenye afya, mikono safi, kibao safi, moto wa kutosha na mgawanyo wa haki. Ukiyashika hayo, mgeni wako atakula na kusifu, atalala usingizi, na asubuhi ataaga akiwa mzima. Na wewe mwenyeji utapona kweli.

Kinga ni bora kuliko tiba.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KIKUNDI

1. Kuku wakifa wengi kijijini kwetu, sisi hufanya nini? Tufanye nini safari ijayo?

2. Kwa nini watoto wa Mama Fulani waliugua, ingawa nyama ilikuwa imeiva?

3. Ndimu ina kazi gani katika nyama? Moto una kazi gani?

4. Nyumbani kwako nani hula firigisi, na nani hula shingo? Je, mgawanyo huo unawafaa watoto na mama wajawazito?

5. Nyumba ngapi katika kikundi chenu zina kibuyu chirizi? Zisizo nacho zitakitengeneza lini?